Padri Kingori na Sauti ya Mlangoni

Jumamosi ile ya Julai 1976 ilianza vizuri tu. Ukungu ulikuwa umelalia mashamba ya chai ya Giakanja, kina mama walikuwa wanapita na vikapu mgongoni wakielekea kupimisha majani, na Padri Kingori alikuwa nyuma ya nyumba ya mapadri, mikono ya shati imekunjwa, akifua kola zake mwenyewe kwenye karai. Giakanja nzima ilijua kwamba Padri Kingori hafuliwi nguo, na ililisema jambo hilo kwa kujivunia, kana kwamba ni yeye aliyevumbua sabuni.

"Fatha, utatufukuzia mama wa kufua," Katekista Nehemiah alimtania kutoka kwenye baraza. "Kijana wa miaka hamsini na sita anashindwaje kufuliwa kola?"

"Nilichelewa kuanza, Nehemiah. Wacha nifidie."

"Ati kuchelewa! Na ni wewe unatukimbiza sisi wote."

Hivyo ndivyo walivyompenda. Mapadri wengine walikuja wakiwa vijana, wakinukia chaki ya seminari. Huyu alikuja na mvi. Alikuwa ameoa, akazika mke, akafundisha darasa la nne kule Kerugoya miaka ishirini, ndipo akaacha yote. Kila mwaka, Jumapili ya kuombea miito, watu walijaa kanisani mpaka nje ili tu kumsikia akisimulia: jinsi alivyokuwa peke yake katika nyumba ya walimu, mke amekufa mwaka mmoja uliopita, na alfajiri moja akasikia sauti mlangoni ikiita jina lake. Mara moja. Mara ya pili. Mara ya tatu. Akafungua, hapakuwa na mtu. Akapiga magoti palepale. Mwaka uliofuata alikuwa seminarini, mzee mzima, amekaa dawati moja na wavulana wasio na ndevu.

Kina mama walilia kila mwaka kama vile hawajawahi kuisikia.

Lipo jambo moja tu alilokuwa akiliruka. Sauti ile ilikuwa ya mwanamke, naye alikuwa anaijua.

Wiki mbili kabla ya Jumamosi hiyo, Padri alikuwa amempaka mafuta ya wagonjwa Mama Warigia, muuza maharagwe wa sokoni. Warigia alikuwa hajasema neno siku nne. Kidole cha Padri kilipomgusa paji la uso, alifumbua macho. "Kingori," alisema. Si Fatha. Si Padri. Akalirudia jina hilo mara mbili zaidi, kwa sauti nyembamba ya kikongwe, ilhali yeye mwenyewe alikuwa hajafikisha miaka arobaini. Kisha akakata roho. Padri alijiambia ni homa. Homa huwasahaulisha watu adabu.

Saa nne asubuhi, kola zikiwa bado zinachuruzika maji kwenye kamba, mwanamke aitwaye Benter aliteremka kutoka kwenye lori la viazi. Alikuwa mke wa konstebo mmoja wa Kiganjo, mtu wa upande wa ziwa, na alikuwa amevaa viatu viwili visivyofanana.

"Fatha, bwana yangu amelemewa. Daktari wamesema nimrudishe tu nyumbani. Sasa nyumbani kwetu ni mbali namna gani, atafika?"

Padri alichukua stola yake ya shingoni na kichupa cha mafuta, akampakia Benter kwenye pikipiki ya parokia, wakaenda.

Konstebo Oloo alikuwa amelala kwenye chumba kimoja cha mabati, mtu mkubwa, shingo yake nene kama nguzo. Alikuwa na miezi minane tu katika nchi hii ya mlima. Kikuyu chake chote kilikuwa salamu moja, na majirani walikuwa wakimwomba aiseme ili wapate kucheka. Padri alichovya kidole gumba kwenye mafuta, akainama.

Oloo akamshika kifundo cha mkono.

"Hingura," alisema.

Maana yake ni fungua. Lakini hakikuwa Kikuyu cha sokoni. Kilikuwa Kikuyu cha wanawake wazee, wale waliozaliwa kabla mzungu hajaonekana, na kilitoka katika koo lile nene kikiwa chembamba kama uzi.

"Hingura, Kingori. Ni mimi. Nimepona."

Mkono ukalegea.

Benter alisogea, akanong'ona, "Fatha, hiyo ni Kikuyu? Oloo hajui Kikuyu. Amesema nini?"

"Ameomba maji," Padri alisema.

Benter akakimbia. Akarudi na kikombe, akakishikilia kwenye midomo ya mtu ambaye alikuwa amekwisha kufa, akimbembeleza kwa lugha yao anywe hata kidogo. Padri alisimama pale, kichupa mkononi, akimtazama. Hakumwambia aache.

Cucu Gathoni alikuwa bibi yake, mama ya baba. Mwaka 1937 Kingori alikuwa na miaka kumi na saba, na cucu alimwita "mume wangu," kama bibi wa Kikuyu anavyomtania mjukuu wa kiume, akimchomea viazi vitamu kwenye majivu na kumwuliza ataoa nani mwingine kama si yeye. Kisha cucu akaugua. Zamani zile mtu hakuachwa afie ndani, maana nyumba iliyofiwa ilihamwa ikaoza. Aliyeonekana amefika mwisho alibebwa mpaka kichakani, akawashiwa moto, akaachwa. Misheni ilikuwa imekataza. Chifu alikuwa amekataza. Lakini baba yake alikuwa mtu wa zamani, na mabega yenye nguvu nyumbani yalikuwa ya Kingori. "Mbebe," baba alisema. Kingori akambeba mpaka ng'ambo ya mto. Ilikuwa Jumatano. Jumapili alikuwa abatizwe.

Sasa tusidanganyane hapa. Wapo watakaoilaumu desturi, waseme wazee wetu walikuwa washenzi, yaishe. Hapana. Desturi ilikuwa na nafasi ya mtu aliyepona. Akirudi alichinjiwa mbuzi, akapokewa kama mtoto aliyezaliwa upya, akakaa kwenye jiko lake mwenyewe. Desturi haikumwua mtu hapa.

Kwa sababu Cucu Gathoni alirudi.

Alfajiri ya siku ya tatu Kingori alikuwa akifungulia mbuzi. Akasikia kikohozi nje ya ua. Akasikia miguu inayokokota. Lango la boma lilikuwa magogo matatu tu yaliyopenyezwa kwenye nguzo. Hata mtoto angeweza kuyatoa.

"Kingori. Kingori. Kingori, hingura. Ni mimi. Nimepona. Nina baridi."

Alimwona kati ya magogo. Hakuwa mzimu. Alikuwa na kamasi puani na tope magotini. Na yule kijana msafi, aliyekuwa anajua Baba Yetu kwa Kilatini, alifikiria Jumapili. Alifikiria shati jeupe. Alifikiria Padri mzungu akiuliza, huyu mama alitupwa kichakani na nani? Akaweka mikono juu ya magogo.

Akayashikilia.

"Rudi, cucu," alinong'ona. "Jioni nitakuja kukuchukua."

"Haya, mume wangu," cucu alisema. Akageuka, akarudi alikotoka.

Jioni hakwenda.

Jumapili, walipomwuliza, alisema amemzika bibi yake kwa mikono yake mwenyewe, na sala ya Baba Yetu. Padri mzungu alimshika bega mbele ya kanisa zima, akasema tazameni, hivi ndivyo Mkristo alivyo. Hiyo ndiyo ilikuwa sifa yake ya kwanza. Ilikuwa tamu. Na miaka ishirini na tisa baadaye, ilipokuja sauti mlangoni kule Kerugoya, aliitambua kabla hata haijamaliza jina lake. Aliamua ni Mungu. Kwa Mungu mtu anaweza kufungua.

Tangu siku ya Oloo, pikipiki ya parokia ikaanza kuharibika. Ilikuwa ikiharibika kila mgonjwa alipotajwa. Mara plagi. Mara mnyororo. Padri alikuwa akiifungua vipande vipande barazani, mikono imejaa grisi, na kumtuma Nehemiah aende akasali rozari na mgonjwa badala yake. Hivyo ndivyo Mzee Theuri, aliyejenga kanisa lile kwa mawe aliyoyachonga mwenyewe, alivyokufa bila mafuta.

Nehemiah alirudi amevua kofia. "Ametuacha, Fatha. Amekungoja mpaka mwisho." Akaigeuzageuza kofia mikononi. "Alisema uambiwe ana baridi. Tumemwekea blanketi tatu. Bado alikuwa akisema tu, mwambieni, nina baridi. Na Fatha... ile sauti haikuwa ya mwanamume."

Padri akaendelea kusugua plagi iliyokuwa safi.

Siku nane baadaye Kagure aliingia uani. Kagure alikuwa binti wa dada yake, mwaka wa pili chuo kikuu, msichana ambaye wazee wa Giakanja walivuka barabara ili wasibishane naye.

"Mjomba."

"Kagure, mwanangu. Unaona vile pikipiki imekataa."

"Imekataa tangu lini?"

"Ni hii plagi..."

"Mimi nimekuja kwa miguu, Mjomba. Mguu yako pia iko na plagi?" Sauti yake ikavunjika. "Mama anakufa. Amekuita mara nne. Hataki Fatha mwingine. Anataka wewe."

Dada yake aliitwa Gathoni. Mtoto wa kike wa kwanza hupewa jina la mama ya baba, naye alikuwa amelibeba jina la cucu miaka hamsini na nne. Padri alijua, kama kila Mkikuyu anavyojua, kwamba anayebeba jina habebi jina tu. Alienda kwa miguu nyuma ya Kagure, kichupa mfukoni. Njiani alijisemea mara mia: nitamwambia. Leo nitamwambia. Maana aliona wazi kwamba maneno yale yalikuwa yanamfuata kitanda kwa kitanda, na kila kitanda yalisogea hatua moja. Ukweli ndio uliobaki peke yake kuyazuia.

Gathoni alikuwa ameegemezwa kwenye mito. Macho yake yalikuwa makavu na makali.

"Weka hiyo chupa chini kwanza," alisema.

Akaiweka.

"Sijawahi kukuuliza, Kingori. Nilikuwa mtoto, halafu nikawa na watoto. Leo nauliza. Ulimzika cucu wapi? Nataka kulazwa kando yake."

Ukweli ulimfika kwenye meno. Nje, kina mama wa rozari walikuwa wanaimba. Nehemiah alikuwa mlangoni, kofia kifuani. Kagure alikuwa amesimama miguuni pa kitanda, akimtazama yeye, wala si mama yake. Padri alitazama dirishani.

"Chini ya ule mti wa muiri," alisema. "Mpakani mwa shamba la baba."

Ulikuwa mti wa kwanza alioona.

"Huko ndiko?"

"Huko ndiko."

"Na ulimwombea?"

"Baba Yetu."

Gathoni alitabasamu, akafumba macho. "Asante, ndugu yangu. Roho yangu imetulia."

Alimpaka mafuta kwenye paji. Alimpaka kwenye viganja. Alikuwa karibu kumaliza. Midomo ya dada yake ikafunguka, macho yakibaki yamefumbwa.

"Mume wangu," ilisema sauti nyembamba. "Jioni imefika."

Ilikuwa saa tisa alasiri. Jua lilikuwa limewaka kwa mara ya kwanza mwezi ule.

"Mjomba," Kagure alinong'ona. "Nani huyo?"

Safari hii hakusema maji. Gathoni alikuwa amekufa.

Walichimba Jumanne, chini ya muiri, kama marehemu alivyotaka. Padri alisimama kando akiwa amevaa mavazi ya Misa, akijua watachimba, watakuta udongo mtupu, watamtazama. Alikuwa karibu kulingoja jambo hilo kwa hamu. Hakuwahi kuchimba pale hata shimo la ndizi.

Jembe likagonga kitu usawa wa kiuno.

Nehemiah akashuka, akafukua kwa mikono. Ulikuwa mfupa wa mkono, na kwenye mfupa huo pete za shaba zilizosokotwa, zimegeuka kijani. Wakamwita Wangechi, kikongwe wa jirani, aliyekuwa msichana siku zile. Akashikiliwa mabega, akainama, akatazama.

"Hizo ni za Gathoni," alisema. "Gathoni mzee. Niliziona kwake kila siku."

Kina mama wakapiga vigelegele. "Fatha alisema ukweli! Alimzika kweli! Akiwa kijana mdogo hivyo!" Mtu akamshika Padri mkono, akaubusu.

Padri akaunyakua.

"Sikumzika," alisema.

Walimtazama kwa huruma.

"Sikumzika. Nilimwacha ng'ambo ya mto, hai. Akarudi akiwa amepona. Akaniita langoni. Nikashikilia magogo. Nikamwambia arudi. Mnanisikia? Nilimfungia nje. Sijui huyu amefikaje hapa. Sijui!"

Kunguru mmoja alilia juu ya muiri. Kisha mzee mmoja akatikisa kichwa, machozi yamemlenga. "Mnaona mtumishi wa Mungu anavyojinyenyekeza?"

"Ni uchungu wa dada," mwingine alisema.

"Nawaambia nilimwua!"

Nehemiah alimshika kiwiko, taratibu, kama mtu anavyomshika mgonjwa. "Pole, Fatha. Kaa kidogo. Mifupa ndiyo hii, na ni wewe ulituonyesha." Na kwa kuwa Padri alikuwa bado anapiga kelele, kina mama wakaanzisha wimbo wa Bikira Maria, kwa sauti kubwa, ili kumsitiri. Miaka thelathini na tisa walikuwa wameumeza uongo wake wote bila kutafuna. Ukweli wake mmoja wakauzamisha kwa wimbo. Aliketi juu ya udongo, akafunika uso, na joho lake jeupe likaingia tope.

Kagure peke yake hakuimba. Alikuwa ukingoni mwa shimo, akitazama chini.

Mifupa ile haikulala katikati. Ilikuwa imelala ubavu, imejibana kwenye ukuta mmoja. Nafasi iliyobaki kando yake ilikuwa na udongo laini, uliosawazishwa, hauna jiwe wala mzizi.

Waliamua kumlaza mama yake Kagure hapo. Wakalishusha jeneza kwa kamba. Likakwama. Wakalipandisha, wakapima kwa fito, wakaona nafasi inatosha na kuzidi. Wakalishusha tena. Likakwama. Mara ya tatu kamba ikakatika mikononi mwa wanaume wanne, na Wangechi akasema kwa upole, "Hapo si pake. Pamewekewa mtu. Mchimbieni upande wa pili."

Wakamchimbia upande wa pili.

Padri Kingori aliomba uhamisho mwaka huohuo, akapelekwa upande wa Kerugoya. Hakusimulia tena habari ya wito wake. Lakini alianza kwenda kwa wagonjwa wote, mvua na jua, kwa pikipiki na kwa miguu, bila kuchagua, na wanaomkumbuka wanasema alikuwa anainamisha sikio karibu kabisa na midomo ya wanaokufa, akingoja. Miaka kumi na miwili. Walimwomba maji. Walimwita Fatha. Hakuna aliyemwita kwa jina lake.

Chini ya muiri, ardhi kando ya cucu ilididimia kabla mwaka haujaisha. Ulikuwa mfereji mrefu, umenyooka, wenye kina cha mkono. Kagure aliujaza udongo. Mwaka uliofuata ukadidimia tena. Safari moja aliupima kwa kamba ya katani, na mjomba wake alipokuja kusoma Misa ya kumbukumbu, Kagure alimwona amesimama kando ya mfereji ule, amenyooka, mtu mrefu kuliko wote waliokuwapo. Akaikunja ile kamba, akaitia mfukoni. Hakuhitaji kumsogelea ampime.

Padri alikufa Aprili 1988, usingizini. Walimzika kwenye makaburi ya misheni, mapadri thelathini wakisali juu yake, na saruji ikamwagwa siku ileile.

Juma lililofuata Kagure alikwenda Giakanja na toroli la udongo, kama alivyokuwa akifanya kila mwaka. Hakulimwaga. Mfereji haukuwapo. Mahali pale palikuwa pamejaa na kuinuka kidogo, udongo mweusi, mbichi, bado na unyevu. Aliwauliza majirani nani amepajaza. Hakuna.

Pamebaki vile. Hapajadidimia tena. Na Kagure, ambaye tangu utoto hakuwahi kuogopa kumwuliza mtu yeyote swali lolote, hajawahi kwenda misheni kuomba saruji ile ifunguliwe.